Jaji Aliyeuliza Swali, Akaitwa Fedheha

Jumatatu ya tarehe 18 Oktoba 1976, Waziri wa Ulinzi wa Ireland, Paddy Donegan, alikwenda mji wa Mullingar kufungua bwalo jipya katika kambi ya jeshi ya Columb. Ni shughuli ambayo waziri yeyote anaweza kuifanya huku anasinzia: maneno mawili matatu ya pongezi, chakula, gari, nyumbani. Lakini Donegan alikuwa na donge rohoni. Mbele ya maafisa wa jeshi akamgeukia Rais wa nchi. Kosa la Rais lilikuwa nini? Alikuwa amepokea muswada wa sheria na, kabla ya kuusaini, akaupeleka Mahakama ya Juu ili majaji waseme kama unapatana na Katiba. Waziri akasema Rais huyo ni fedheha kubwa, kisha akaongeza kwamba jeshi lazima lisimame nyuma ya dola. Mwandishi kijana wa habari, Don Lavery, alikuwapo na daftari lake.

Siku nne baadaye Ireland haikuwa na Rais.

Mimi nilikuwa hakimu. Siku hizi ni mstaafu wa Tanga ninayeandikia watu wosia na mikataba ya kuuziana mashamba, na nikiwa sina mteja nasoma hukumu za zamani kama wenzangu wanavyocheza bao. Huyu mtu nilimjua kwanza kama jaji, kwenye vitabu vya kesi, kabla sijajua kwamba aliwahi kuwa Rais. Jina lake ni Cearbhall Ó Dálaigh, na ukilitamka Karul O Doli hutakuwa mbali sana. Alikuwa mwandishi wa gazeti, wakili, mwanasiasa aliyeshindwa uchaguzi, Mwanasheria Mkuu wa Serikali, Jaji Mkuu, jaji wa mahakama ya Ulaya, kisha Rais. Vyeo vingi kwa mtu mmoja, lakini ukimwangalia vizuri utaona kazi yake ilikuwa moja tu, hata alipokuwa amekaa kwenye kiti kingine.

Alizaliwa tarehe 12 Februari 1911 Bray, mji wa pwani kusini ya Dublin. Baba yake alikuwa akisimamia duka la samaki, habari ambayo ilinifanya mimi mtu wa pwani nimpende kabla sijasoma hukumu yake hata moja. Ireland wakati huo ilikuwa chini ya Uingereza. Alipofika umri wa miaka kumi na mmoja, kaunti ishirini na sita zilikuwa zimejitoa na kujitawala, na kaunti sita za kaskazini zilibaki mikononi mwa Waingereza. Hizo sita zikumbuke, kwa sababu ndizo zitakazomfuata mpaka mwisho.

Kizazi chake kilikuwa na kiu ya lugha. Kiayalandi kilikuwa kimesukumwa pembeni kwa karne nyingi, na vijana wasomi wakawa wanakirudisha kwa bidii ileile ambayo wazee wetu waliitumia kukijenga Kiswahili. Ó Dálaigh alisomea lugha hiyo katika University College Dublin, akahitimu mwaka 1931, na mwaka huohuo akawa mhariri wa kurasa za Kiayalandi katika gazeti jipya la The Irish Press. Gazeti lilikuwa la Éamon de Valera, kiongozi wa chama cha Fianna Fáil. Kwa hiyo kijana alikuwa akihariri mchana na kusoma sheria kwa wakati wake, hadi akapokelewa kuwa wakili mwaka 1934. Kazi ya gazeti hakuiacha hadi 1940. Baadaye alijifunza Kifaransa na Kiitalia pia, akawa mtu wa kupenda tamthilia na marafiki waigizaji. Si jaji wa kukunja uso tu.

Chama kilimlea na chama kilimpandisha. Mwaka 1946, Ó Dálaigh akiwa na miaka 35, de Valera alimfanya Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Chama kilipotaka ajaribu kura za wananchi, mwaka 1948 na tena 1951, wananchi hawakumtaka. Mimi nadhani kura hizo zilimwokoa. Mtu wa maneno yaliyopimwa, anayetaka kila jambo lisikilizwe pande zote mbili, jukwaani angechosha watu. De Valera aliporudi madarakani mwaka 1951 alimrudisha kwenye kiti chake cha Mwanasheria Mkuu, na mwaka 1953 akampeleka Mahakama ya Juu. Kwetu Tanzania mahakama hiyo ungeilinganisha na Mahakama ya Rufani.

Hapa niweke neno la kando la mtumishi wa serikali. Miaka ya mwisho ya 1950 alipewa uenyekiti wa tume ya kuchunguza kodi ya mapato, na tume hiyo ikapendekeza mfumo wa mwajiri kumkata mfanyakazi kodi kwenye mshahara kila mwezi, ule ule ambao sisi tunauona kwenye karatasi za mishahara kwa jina la PAYE. Wafanyakazi wa Ireland walianza kukatwa hivyo mwaka 1960. Nimemsamehe.

Desemba 1961 akawa Jaji Mkuu. Waziri Mkuu mpya, Seán Lemass, alitaka Mahakama ya Juu ifanane zaidi na ile ya Marekani: majaji waisome Katiba kama kitu chenye meno. Katiba ya Ireland ya mwaka 1937 ilikuwa na ibara nzuri za haki za raia, lakini kwa miaka mingi majaji waliipitia kama mtu anayepita karibu na jirani aliyemkopa. Ó Dálaigh na mwenzake Brian Walsh ndio waliobisha hodi.

Kesi ninayoitaka uijue ni ya mwaka 1965, inaitwa Serikali kwa maombi ya Quinn dhidi ya Ryan. Mtu mmoja alikuwa anatakiwa na polisi wa Uingereza. Alikamatwa Dublin kwa hati ya kutoka Uingereza, mawakili wake wakaenda Mahakama Kuu, na ikaonekana hati ina kasoro. Mahakama ikamwachia. Sasa fikiria: mtu ametoka mlangoni, bado anavuta pumzi, mbele yake wamesimama polisi wakiwa na hati ya pili. Hati hiyo ilikuwa tayari kabla hajatoka. Wakamkamata, wakamtia kwenye gari na kuelekea kaskazini hadi mpakani. Mawakili walipopata akili ya kuomba amri ya kumrudisha mahakamani, mteja alikuwa ameshavushwa na kukabidhiwa.

Msomaji wa Afrika Mashariki hahitaji kuelezwa zaidi. Mimi mwenyewe nimekaa kwenye kiti nikamwachia mshtakiwa, nikasikia kelele za nduguze nje wakishangilia, kisha kelele zikabadilika sauti. Amekamatwa tena mlangoni. Karani wangu, mtu wa makamo aliyeona mengi, aliinua macho kidogo tu na kuniuliza kama aite shauri linalofuata. Nikamwambia aite. Sikuwa na namna, au ndivyo nilivyojiambia.

Ó Dálaigh aliona namna. Polisi walijitetea kwamba walifuata sheria, na kweli walikuwa nayo: sheria ya mwaka 1851, ya enzi ya Malkia Victoria, iliyoruhusu hati za kutoka Uingereza kutumika Ireland baada ya kugongwa muhuri tu. Jaji Mkuu hakuishia kwenye muhuri. Aliuliza mpango wote ulikuwa na lengo gani. Akajibu mwenyewe kwamba lengo lilikuwa kumwondoa mtu haraka kiasi kwamba mahakama isipate nafasi ya kumsikiliza, na kwamba afisa anayepanga hivyo ameidharau mahakama, hata kama moyoni aliamini hakuna atakayemuuliza. Kifungu cha sheria ya 1851 kikabatilishwa. Na katika kesi hiyohiyo majaji wakatangaza kwamba Mahakama ya Juu haifungwi moja kwa moja na hukumu zake za zamani ikiona zilikosea.

Kwa kulinganisha tu: mwaka huo wa 1965 Tanzania ilipata Katiba ya Muda isiyokuwa na sura ya haki za raia, na Sheria ya Kuweka Watu Kizuizini ya 1962 ilikuwa inafanya kazi. Haki hizo ziliingia kwenye Katiba yetu mwaka 1984. Sisemi Ireland ilikuwa peponi. Nao walikuwa na sheria zao za kuwaweka watu ndani bila kesi, na walizitumia.

Kesi ya pili nitaipita haraka, ingawa mawakili wa Ireland hadi leo wanaitaja kwa jina. Mwaka 1970 serikali ilitikiswa na tuhuma kwamba fedha za kuwasaidia wakimbizi wa Ireland ya Kaskazini zimetumika kununua silaha. Kamati ya Bunge ikaanza kuchunguza. Afisa wa polisi akatoa mbele ya kamati tuhuma nzito juu ya Pádraic Haughey, ndugu wa waziri aliyefukuzwa kwa tuhuma hizo. Haughey akakataa kujibu maswali, Mahakama Kuu ikampa miezi sita. Mwaka 1971 Ó Dálaigh aliifuta adhabu hiyo na kueleza haki ya mtu anayechafuliwa jina mbele ya chombo cha umma: apewe nakala ya yanayosemwa juu yake, amhoji anayemtuhumu, alete ushahidi wake, wakili wake asikilizwe. Vikao vingapi vya kamati umeviona kwenye televisheni ambako mtu anaulizwa maswali saa tatu na wakili wake amekaa kando kama mgeni wa harusi? Hao wote wangefaidika na kurasa zile.

Ireland ilipojiunga na Jumuiya ya Ulaya tarehe 1 Januari 1973, ilimpeleka yeye kuwa jaji wake wa kwanza katika mahakama ya Luxembourg. Hakukaa sana. Novemba 1974 Rais Erskine Childers alifariki ghafla, vyama havikutaka gharama na makelele ya uchaguzi, vikakubaliana jina moja. Tarehe 19 Desemba 1974 Ó Dálaigh akaapishwa bila kura hata moja kupigwa.

Urais wa Ireland si kama wetu. Rais hapangi sera wala haendeshi serikali. Hiyo ni kazi ya waziri mkuu, wanayemwita Taoiseach. Rais anapokea mabalozi, anasaini sheria, na ni amiri jeshi mkuu kwa heshima. Lakini Katiba imemwachia silaha chache anazotumia kwa uamuzi wake mwenyewe, na mojawapo ni hii. Ibara ya 26 inasema akipelekewa muswada anaoutilia shaka, baada ya kukutana na baraza lake la ushauri anaweza kuupeleka Mahakama ya Juu. Baraza linashauri tu. Uamuzi ni wake. Majaji wakisema muswada unapingana na Katiba, hausainiwi. Wakisema hauna tatizo, anausaini, na tangu siku hiyo hakuna mtu anayeweza tena kwenda mahakamani kuupinga kwa hoja za Katiba. Mlango unafungwa. Kwa hiyo kuuliza nako ni hatari, na mtu aliyewahi kuwa Jaji Mkuu alilijua hilo kuliko mawaziri wote.

Sasa mwaka 1976. Vita vya Ireland ya Kaskazini vilikuwa vimevuka mpaka. Mei 1974 mabomu ya Dublin na Monaghan yaliua watu 33 kwa siku moja. Tarehe 21 Julai 1976 wapiganaji wa IRA, kundi lililotaka kaunti zile sita zitoke mikononi mwa Waingereza, walimuua balozi wa Uingereza, Christopher Ewart-Biggs, kwa bomu lililotegwa barabarani karibu na makazi yake, pamoja na mtumishi wa serikali aliyekuwa naye kwenye gari. Serikali ya Waziri Mkuu Liam Cosgrave ikatangaza hali ya hatari na kupitisha Muswada wa Mamlaka ya Dharura. Kiini chake ni kifupi: polisi, ambao tayari wangeweza kumshikilia mshukiwa saa 48, sasa wamshikilie siku saba.

Ó Dálaigh akaita baraza la ushauri, akasikiliza, akaupeleka muswada mahakamani. Haikuwa mara yake ya kwanza. Mapema mwaka huohuo alikuwa amefanya hivyo kwa muswada mwingine uliohusu makosa yaliyotendwa kaskazini. Serikali ilikasirika. Watu wanakufa, na Rais anataka maoni ya kitaalamu!

Tarehe 15 Oktoba majaji wakajibu. Muswada hauna tatizo, serikali imeshinda. Lakini ndani ya hukumu, iliyosomwa na Jaji Mkuu Tom O'Higgins, kulikuwa na sentensi ambayo bila swali la Rais isingeandikwa mwaka huo. Mahakama ilisema mtu anayeshikiliwa siku saba hapotezi haki zake nyingine. Bado ana haki ya kuwasiliana na watu, kumpata wakili, kumpata daktari, na kufika mbele ya mahakama. Ó Dálaigh akausaini muswada usiku uleule. Muda mfupi baadaye polisi kijana aliuawa na bomu lililotegwa katika nyumba tupu upande wa Portarlington. Hasira ya nchi ilikuwa bado haijapoa Donegan alipopanda gari kwenda Mullingar.

Mimi namwelewa waziri kwa nusu. Amempoteza askari, anaona siku zilizopotea mahakamani, anatafuta wa kumlaumu. Nusu nyingine siielewi. Alisema maneno yale mbele ya maafisa ambao vyeo vyao hutolewa na Rais wa nchi, na amiri jeshi wao alikuwa huyohuyo aliyetukanwa.

Donegan aliandika barua ya kuomba radhi. Ó Dálaigh alimjibu kama anavyojibu jaji. Hakuhangaika na tusi; tusi ni kelele. Alichukua zile sentensi mbili, ya kwanza inayomwita Rais fedheha na ya pili inayosema jeshi lisimame nyuma ya dola, akaziweka moja chini ya nyingine, akauliza mtu wa kawaida akizisikia zimefuatana ataelewa nini isipokuwa kwamba Rais hayuko nyuma ya dola. Akamuuliza pia kama anaelewa wajibu wa Waziri wa Ulinzi ni upi. Waziri alipotaka kwenda kumwona ana kwa ana, Rais hakumpokea.

Wapo waliosema hapo alizidisha. Angempa chai, angepokea samahani, na shughuli ingeisha. Nakiri kwamba alikuwa mkaidi, na malalamiko yake kwamba Cosgrave hamweleweshi mambo ya nchi kama Katiba inavyotaka yalikuwa yamelundikana kwa muda. Lakini samahani ya faraghani kwa tusi la hadharani hainunui kitu, na aliyepaswa kufanya jambo hakulifanya: Cosgrave hakumfukuza waziri wake. Tarehe 21 Oktoba wapinzani walileta hoja bungeni ya kutaka Donegan ajiuzulu. Ikaanguka kwa kura 63 dhidi ya 58. Kesho yake, tarehe 22, Rais akajiuzulu. Alisema ndiyo njia pekee iliyobaki ya kuonyesha uadilifu wake na kulinda heshima na uhuru wa kiti chenyewe.

Aliyeondoka ni aliyetukanwa, aliyetukana akabaki. Donegan alihamishiwa wizara ya ardhi Desemba hiyo. Patrick Hillery akawa Rais bila kupingwa. Juni 1977 wapiga kura waliiangusha serikali ya Cosgrave kwa kishindo, Fianna Fáil wakapata viti 84 kati ya 148, ingawa bei za vitu zilichangia zaidi ya habari za Mullingar. Watu hawapigi kura kwa ajili ya Ibara ya 26. Kabla ya uchaguzi huo, gazeti la The Irish Times lilikuwa limechapisha mfululizo wa habari kuhusu madai kwamba baadhi ya polisi wanawapiga washukiwa ili wakiri. Ile sentensi kuhusu wakili na daktari ikaonekana si ya mapambo.

Ó Dálaigh na mkewe Máirín walihamia Sneem, kijiji kidogo cha Kerry kusini-magharibi. Hakukaa huko hata miaka miwili. Alifariki tarehe 21 Machi 1978, akiwa na miaka 67, na amezikwa hapohapo kijijini. Mamlaka ya siku saba yalikwisha muda wake Oktoba 1977 na hayakuhuishwa tena. Tangazo la hali ya hatari lenyewe lilibaki kwenye vitabu hadi mwaka 1995.

Wenzangu wa Ireland wanapenda kumkumbuka kwa kujiuzulu. Mimi naona ile kesi ya 1965 ndiyo kubwa zaidi, na ya 1976 ni kesi ileile tena: serikali yenye haraka, mtu aliye mikononi mwa polisi, na jaji anayeuliza kabla gari halijaondoka. Kwa hiyo nakuomba, siku utakapokuwa nje ya mahakama na ukaona ndugu yako ameachiwa huru, kisha akakamatwa tena kabla hajafika getini, usianze na vilio. Muulize afisa hati ya pili iliandikwa lini, na utake jibu lake mbele ya wakili.